Subiri Hiyo ni ya Siku Ngapi?

Juzi tulipokaa pale chini ya mwembe baada ya kikao, mdogo wetu mmoja aliuliza: kama kungekuwa na kitabu cha kale sana, wazee wetu wa zamani wameandika humo muda ni kitu gani, kingesema nini? Mwenzetu akajibu haraka, "Kingekuwa na neno moja tu: subiri." Tulicheka sana. Lakini mimi nililala na lile swali.

Kitabu hicho hakipo. Ila kuna kitu kinakikaribia, tena kimetoka kwetu. Mwaka 1950 Mbelgiji anaitwa Jean de Heinzelin alikuwa anachimba pale Ishango, Kivu ya Kaskazini, mahali mto Semliki unapotoka kwenye ziwa Edward. Akapata mfupa mdogo wa mnyama, urefu wake sentimita 10 hivi, umri wake kama miaka 20,000. Mfupa umechanjwa chale kwa safu tatu. Ukihesabu, safu moja ina chale 60, nyingine 60, ya tatu 48. Leo mfupa uko Brussels. Yaani na wenyewe uko ugenini kama sisi.

Wataalamu wanabishana. De Heinzelin aliona ni mambo ya hesabu. Mmarekani Alexander Marshack aliona ni kalenda, mtu alikuwa anafuata mwezi angani kwa miezi sita hivi. Wengine wanasema pengine chale ziliwekwa tu ili mfupa usiteleze mkononi. Mimi nimeishia sekondari, siwezi kuwaamua. Lakini maoni ya Marshack ndiyo yaliyonishika. Mwezi ukiandama mara mbili ni siku 59 hivi, karibu na zile 60. Na sisi kwa Kiswahili mwezi wa juu na mwezi wa kalenda ni neno moja. Watu wa Ishango walikuwa wavuvi, na mvuvi naye anasubiri. Tofauti ni kwamba mvuvi anajua anasubiri nini, na anaweza kuhesabu.

Sasa niseme kilichoniuma. Mimi kazi yangu ya kujitolea ni kupanga foleni na kuandika majina. Kwa siku moja naweza kusema "subiri" mara mia. Mwezi uliopita mama mmoja alikuja kuuliza kesi yake, mara ya nne. Nikamwambia, "Mama, subiri, watakuita." Hakukasirika. Akanitazama, akasema, "Mwanangu, subiri hiyo ni ya siku ngapi?" Sikuwa na jibu. Niliinama nikajifanya naandika.

Ndugu zangu, kusubiri sio tatizo. Mkulima anasubiri mvua, mama mjamzito anasubiri miezi tisa. Tatizo ni kusubiri kusiko na hesabu. Ukijua ni siku 40, unapanga: unalima bustani, unaanza kujifunza ushonaji, unamwambia mtoto atulie. Usipojua, huanzi kitu, maana labda kesho utaitwa. Kesho hiyo inakuwa mwaka, na mwaka unakuwa kumi. Kakuma ilianza mwaka 1992, Nyarugusu mwaka 1996. Kuna watu wamezaliwa humo, wameoa humo, na bado wanaambiwa mambo ni ya muda tu.

Najua wahudumu watasema nini, maana nafanya nao kazi na wengi wana roho nzuri. Watasema: hata sisi hatujui, maamuzi yanatoka mbali, tukitoa tarehe ikashindikana watu watatukasirikia. Ni kweli. Lakini hatuombi mtuahidi safari. Tunaomba tarehe ya kupewa habari, hata kama habari yenyewe ni kwamba hakuna habari. "Bado sijui, njoo tarehe 15 nikuambie nilipofika" ni jibu. Linamheshimu mtu. "Subiri" peke yake inamwambia kwamba siku zake hazina bei.

Na jambo lingine dogo. Msiwaite watu saa moja asubuhi kama mnajua mtaanza saa nne. Kuna anayedhani mkimbizi hana kazi, yupo yupo tu. Yule dada aliyekaa juani na mtoto mgongoni ameacha maji hajachota, kuni hajatafuta, na mwingine ameacha darasa. Wiki mbili hizi nimejaribu kugawa vipande vya maboksi, nimeandika namba na saa ya kurudi. Watu wanaenda kufanya kazi zao, wanarudi. Makelele yamepungua, na haikunigharimu hata shilingi.

Na sisi vijana tusijitoe. Huwezi kudai hesabu ya siku kwa mwingine na wewe mwenyewe ukiulizwa mwezi huu umefanya nini unakuna kichwa. Chukua daftari, kila jioni andika mstari mmoja tu: leo nimejifunza hiki, leo nimemsaidia huyu. Mtu wa Ishango alikuwa na mfupa na jiwe kali, na alama zake bado zinasomwa.

Mama yule nimemtafuta mpaka kwake. Nimemwambia Ijumaa ijayo nitamletea nilichokisikia, kiwe kizuri au kibaya. Na kuanzia sasa, yeyote atakayenisikia pale mezani nasema "subiri" bila tarehe, aniulize kama alivyoniuliza mama: ya siku ngapi?