Wauzaji wa gemu wasiondoke na funguo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua ili nami nitoe maoni yangu juu ya jambo ambalo wengi wanaliona dogo, lakini linagusa haki ya mnunuzi na mali yake. Jambo lenyewe ni gemu za kompyuta ambazo mtu huzinunua kwa fedha zake halali, kisha zikageuka takataka siku ile kampuni iliyoziuza inapofunga huduma yake ya mtandao.

Najua wapo watakaosema kuwa huo ni mchezo wa watoto, na kwamba gazeti la Taifa lina mambo ya pembejeo, maji na barabara ya kuzungumzia. Sikatai. Lakini mimi ni fundi wa kompyuta hapa Igalula, na kompyuta nyingi ninazoletewa zilikwisha kutumika kwingine kabla ya kutufikia. Kijana hununuliwa kompyuta ya namna hiyo baada ya baba yake kuuza tumbaku au asali. Kompyuta hizo hazina nguvu ya kuendesha gemu za mwaka huu. Zinaweza gemu za miaka kumi na tano au ishirini iliyopita. Kwa hiyo gemu ambayo kwa tajiri wa London imekwisha pitwa na wakati, kwetu ndiyo kwanza inaingia. Na sisi tunaopokea vitu vya zamani ndio tunaokuta mlango umefungwa.

Naomba nieleze jinsi mlango huo unavyofungwa. Gemu nyingi, hata zile ambazo mtu hucheza peke yake, humlazimu kwanza kuingia mtandaoni ili seva, yaani kompyuta ya kampuni iliyoko mbali, ithibitishe kwamba nakala yake ni halali. Seva ikizimwa, gemu inauliza swali na hakuna wa kulijibu. Kila picha na kila sauti imo ndani ya kompyuta ya mnunuzi, nzima kabisa, lakini haifunguki.

Mifano ni mingi. Mwaka 2007 kampuni ya Microsoft ilianzisha huduma iliyoitwa Games for Windows Live, na gemu nyingi za kompyuta zikafungamanishwa nayo. Duka la huduma hiyo likafungwa Agosti 2013. Moja ya gemu zilizofungamanishwa nayo ni Grand Theft Auto IV ya mwaka 2008, ambayo vijana wetu wanaijua sana. Januari 2020 gemu hiyo iliondolewa katika duka la mtandaoni la Steam kwa sababu namba za kuifungulia zilikuwa hazipatikani tena. Machi mwaka huo huo wenyewe wakaitoa upya bila kufuli lile, ingawa sehemu ya kucheza watu wengi kwa pamoja haikurudi. Gemu ya Fallout 3, nayo ya mwaka 2008, ilingoja hadi Oktoba 2021 ndipo kufuli hilo likaondolewa. Hebu fikiria, ndugu msomaji: miaka 13.

Wengine hawakuondolewa kufuli kabisa. Gemu ya magari iitwayo The Crew, iliyotolewa na kampuni ya Ubisoft ya Ufaransa mwaka 2014, ilizimiwa seva zake tarehe 31 Machi 2024. Sehemu kubwa ya gemu hiyo mtu angeweza kuicheza peke yake, lakini ilijengwa ili isifanye lolote bila seva. Aliyeinunua dukani amebaki na kasha na diski ya kuning'iniza shambani kutishia ndege.

Sisi wa Igalula tunakaa kwenye njia ya zamani. Misafara iliyotoka Bagamoyo ilivuka Ugogo, ikatoa hongo kwa watemi, ikapita Tura, Rubuga na Kigwa mpaka Tabora, na mingine ikaendelea hadi Ujiji. Biashara ile ilikuwa na unyama mkubwa, maana pembe na binadamu viliuzwa pamoja, na hakuna anayetamani irudi. Reli ya Kati ilipofika Tabora mwaka 1912, siku za misafara zikawa zimekwisha. Lakini miembe iliyopandwa kwenye njia ile ipo mpaka leo, Tabora na Ujiji, na watoto wetu wanakula maembe yake. Hata watu wale, pamoja na ukatili wao wote, hawakurudi kuing'oa miti walipoacha njia. Na aliyekwisha lipa hongo kwa mtemi alipita. Kampuni za leo zinataka hongo kila mtu anapowasha kompyuta yake, na siku mtoza hongo anapohama, anaifunga na njia yenyewe.

Jambo la kutia moyo ni kwamba wapo watu wa kujitolea duniani wanaozifufua gemu hizo. Kampuni ya GameSpy, ambayo huduma yake ndiyo iliyowakutanisha wachezaji wa mamia ya gemu, ilifungwa tarehe 31 Mei 2014. Baadhi ya wenye gemu walihamia kwingine mapema. Gemu ya Halo ya kompyuta, ya mwaka 2003, ilipata marekebisho Mei hiyo hiyo ili wachezaji waendelee kukutana bila GameSpy. Gemu ya Battlefield 2 haikupata bahati hiyo, na ni wachezaji wenyewe waliojenga seva zao ili wenzao waendelee. Gemu ya City of Heroes ilifungwa Novemba 2012. Januari 2024 kampuni inayoimiliki, NCSoft ya Korea Kusini, ikawapa kibali rasmi watu wa kujitolea waliokuwa wakiiendesha. Kwa hiyo hoja kwamba jambo hili haliwezekani haina msingi. Linawezekana, ila mwenye mali akubali.

Hata hapa kwetu yapo tunayoweza kuyafanya. Gemu nyingi za zamani zina njia ya kucheza watu kadhaa bila mtandao wa nje. Ukiunganisha kompyuta mbili au tatu kwa waya katika chumba kimoja, vijana wanacheza bila kununua bando. Zile za Games for Windows Live, nyingi ziliruhusu akaunti ya ndani ya kompyuta yenyewe, na kwa njia hiyo mtu akaweza kuhifadhi hatua alizofikia. Zipo zilizohitaji faili moja kubadilishwa na jingine lililotengenezwa na wachezaji. Hapo ndipo ninapowaonya vijana: mafaili ya namna hiyo yakichukuliwa ovyo huleta virusi, na nimekwisha letewa kompyuta kadhaa zilizoharibiwa kwa njia hiyo. Anayenunua leo anunue, ikiwezekana, katika duka linalouza gemu zisizo na kufuli, kama GOG la Poland lililoanza mwaka 2008, na atunze faili la kuwekea gemu katika diski yake mwenyewe.

Hata hivyo, si haki kumwachia fundi wa kijijini mzigo wa kufungua kufuli lililofungwa na kampuni yenye mabilioni. Tena fundi huyo anafanya kazi kwa wasiwasi, kwa sababu anayefungua kufuli la programu anaweza kuitwa mwizi. Mteja wangu mmoja alikuja na diski yake halisi, katika kasha lake, akaniuliza kama kuifungua ni kosa. Nchini Marekani swali hilo lilipewa jibu Oktoba 2015, pale walipotoa ruhusa rasmi kwamba mtu aliyepata gemu kihalali anaweza kulivunja kufuli ili aicheze peke yake, ikiwa kampuni imezima seva ya uthibitisho. Jimbo la California nalo lina sheria, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2025, inayokataza maduka ya mtandaoni kumwambia mtu "nunua" bila kumweleza wazi kwamba anachopata ni leseni tu. Huko Ulaya, wito wa kuzitaka kampuni ziache gemu zikiwa zinafanya kazi ulipata saini zaidi ya 1,000,000 hadi Julai 2025.

Wenzetu wanajitetea. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Sisi tukinyamaza, sheria zitatungwa kwa ajili ya mnunuzi wa Paris na wa San Francisco, na mnunuzi wa Uyui atabaki anapokea makombo.

Wenye kampuni wana hoja zao, na ni haki tuzitazame. Wanasema seva zina gharama, na haiwezekani kuziendesha milele kwa ajili ya watu wachache. Hilo ni kweli, na hakuna anayewataka waziendeshe milele. Tunachotaka ni kwamba kabla ya kuzima, watoe marekebisho ya mwisho yanayoondoa kufuli, au waache programu ya kuwawezesha wachezaji kuendesha seva yao wenyewe. Wanasema pia kwamba kufuli likiondolewa, nakala za wizi zitaenea. Lakini gemu ambayo wao wenyewe wameacha kuiuza inawaingizia faida gani tena? Mwaka 2023 taasisi ya Marekani ya kuhifadhi historia ya gemu, Video Game History Foundation, ilieleza kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotolewa nchini humo kabla ya mwaka 2010 hazipatikani tena madukani. Ubisoft yenyewe, baada ya malalamiko ya The Crew, ilitangaza Septemba 2024 kwamba gemu iliyofuata, The Crew 2, itawekewa njia ya kuchezwa nje ya mtandao. Kama lilikuwa haliwezekani, mbona limewezekana baada ya watu kupiga kelele?

Kwa hiyo, Ndugu Mhariri, nina mapendekezo matatu kwa wahusika.

Kwanza, Tume ya Ushindani (FCC), ambayo kazi yake ni pamoja na kumlinda mlaji, iwatake wanaouza gemu na programu nchini waandike wazi, kwa Kiswahili, kama bidhaa inahitaji seva ya kampuni ili ifanye kazi, na ni kwa muda gani huduma hiyo imeahidiwa. Mfuko wa mbolea unaandikwa kilichomo. Na diski iandikwe.

Pili, Ofisi ya Hakimiliki Tanzania (COSOTA) na Wizara husika zishauri ili Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 itamke bayana kwamba aliyenunua nakala halali ana ruhusa ya kuitengeneza, au kumpa fundi aitengeneze, pale ambapo aliyeiuza amefunga huduma. Sisemi iruhusiwe kunakili na kuuza kazi ya mtu. Mtunzi ale jasho lake. Lakini na mnunuzi naye asinyang'anywe jasho lake.

Tatu, vijana wetu wanaotengeneza gemu na programu za masomo hapa nchini waanze vizuri. Wasiige tabia ya kufungia kila kitu kwenye seva moja. Shule inayonunua programu ya kufundishia hisabati leo, ikitegemea seva ya kampuni changa, itafanya nini kampuni hiyo ikifilisika baada ya miaka miwili? Mwalimu wa Igalula atabaki na kompyuta inayomwambia asubiri, darasa zima likimtazama. Hapo hakuna atakayesema tena kwamba huu ni mchezo wa watoto.

Jambo hili si geni kwetu. Mitambo ya televisheni ya analojia ilipoanza kuzimwa Desemba 2012, wananchi walitangaziwa mapema, na king'amuzi kikaziwezesha televisheni zao za zamani kuendelea kutumika. Gharama ilikuwepo na manung'uniko yalikuwepo, lakini televisheni haikutupwa jalalani. Kama Serikali iliweza kuhakikisha kuna njia ya kuvukia katika jambo kubwa kama lile, haitashindwa kuweka kanuni ndogo kwa wauza gemu.

Anayeuza nyumba humkabidhi mnunuzi funguo, akaenda zake. Anayetaka kubaki na funguo aseme mapema kwamba anapangisha, nasi tutajua bei ya kupangisha ni ipi.

Fundi Kompyuta,
Igalula, Uyui,
TABORA.