Wa tatu kutoka kushoto hakufahamika

Wadau, leo naanza kwa kukiri kosa.

Wiki chache zilizopita gazeti letu lilichapisha picha ya zamani, nyeusi na nyeupe, ya timu moja ya soka ya hapa Arusha ya miaka ya themanini. Picha niliitafuta mimi na maelezo niliyaandika mimi. Wachezaji kumi na mmoja, sita wamesimama, watano wamechuchumaa, mpira uko katikati. Majina manane niliyapata kwa kuulizia huku na huko. Matatu yalinishinda, na muda wa kufunga kurasa ulikuwa umefika. Nikaandika kama tunavyoandika siku zote: wa tatu kutoka kushoto waliosimama na wawili wa mwisho kulia waliochuchumaa hawakufahamika majina. Nikaenda kulala, sina habari.

Kesho yake asubuhi nikapita kwenye kijiwe cha kahawa hapa Sekei, ninapopita kila siku kabla sijapanda kifodi kwenda mjini. Mada ilikuwa ileile, Arsenal na Manchester United. Kijana mmoja alikuwa anataja kikosi cha Arsenal cha msimu wa 2003/04, kile kilichocheza mechi 38 za ligi bila kufungwa, kuanzia kipa mpaka waliokuwa benchi. Hakukosea hata mmoja. Pembeni yake alikaa mzee ambaye nimekuwa nikimwamkia kwa zaidi ya mwaka. Anatembea kwa kuvuta mguu wa kulia. Siku zote nilidhani ni ajali ya barabarani.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Wewe si ndiye mwandishi wa gazeti hili?"

Akalikunjua, akaweka kidole kwenye picha. "Huyu wa mwisho aliyechuchumaa alikuwa fundi viatu, alishatangulia mbele ya haki. Huyu wa pembeni yake yuko Babati, analima." Akanitajia majina yao, la kwanza na la ukoo, bila kufikiri. Kisha akahamisha kidole. "Na huyu wa tatu kutoka kushoto ni mimi."

Jamani, nilitamani ardhi ipasuke. Mtu niliyeandika kwamba hafahamiki nilikuwa namwamkia kila asubuhi.

Jina lake sitaliweka hapa, maana ameniomba nilipeleke kwanza gazetini, palepale lilipokosekana. Lakini tangu siku ile nimekuwa na hoja inanisumbua kichwani, na leo naitua. Wachezaji wetu wa zamani tunadaiwa nao vitu viwili: kumbukumbu iliyoandikwa sawasawa, na stahili za mtu aliyefanya kazi. Tunachowalipa ni huruma, na mara nyingi tunailipia msibani.

Tuchukue kikosi tunachodai kukiheshimu kuliko vyote, Taifa Stars ya 1980. Kila Mtanzania anayependa mpira amesikia habari ya Ndola mwaka 1979, bao la Peter Tino lililoleta sare ya 1-1 na Zambia na kutupeleka fainali za Mataifa ya Afrika kwa mara ya kwanza. Sawa. Sasa niambie kilichotokea tulipofika Lagos. Wengi hapo wananyamaza. Tulifungwa 3-1 na Nigeria waliokuwa wenyeji, tukafungwa 2-1 na Misri, tukatoka 1-1 na Ivory Coast. Mabao yetu matatu yalifungwa na watu wawili: Juma Mkambi alifunga moja dhidi ya Nigeria, Thuwein Ally akafunga mengine mawili. Baada ya hapo tulisubiri miaka 39, mpaka 2019 kule Misri, ndipo Tanzania ikacheza tena fainali hizo.

Fikirini kidogo. Kwa miaka 39 hakuna Mtanzania mwingine aliyefunga bao kwenye fainali za Afrika zaidi ya hao wawili. Na bado jina la Thuwein nimelikuta limeandikwa kwa namna tatu tofauti katika magazeti na vitabu. Jella Mtagwa, beki wa kikosi kilekile, sura yake iliwahi kuwekwa kwenye stempu ya posta. Waulize vijana kumi pale stendi ya vifodi Jella Mtagwa ni nani, uone utapata majibu mangapi.

Nimegundua kitu kingine. Tunaowakumbuka vizuri kutoka kikosi kile ni wale waliokuja kupata vyeo baadaye. Nahodha Leodegar Tenga alikuwa rais wa TFF kuanzia 2004 hadi 2013. Kocha Joel Bendera alikuja kuwa naibu waziri na mkuu wa mkoa. Wanastahili heshima zao, sina ubishi. Lakini beki aliyemaliza mpira akarudi mtaani kwake hana cheo cha kututajia jina lake kila wiki kwenye taarifa ya habari, basi naye anafutika taratibu mpaka anakuwa "wa tatu kutoka kushoto".

Mtu ataniambia mbona wanakumbukwa. Machi 2019, Taifa Stars ilipoifunga Uganda 3-0 na kufuzu, hayati Rais Magufuli aliwaita wachezaji Ikulu akawapa viwanja Dodoma, na wakongwe wa 1980 nao wakakumbukwa siku ile. Nilifurahi kama nyinyi. Lakini ile ilikuwa zawadi ya siku ya furaha. Je, tungefungwa na Uganda? Wakongwe walikuwa walewale, jasho lao lilikuwa lilelile. Na waliokwisha kufa katika ile miaka 39 kiwanja chao kiko wapi? Zawadi hutegemea mtoaji ameamkaje. Haki haitegemei matokeo ya mechi ya vijana waliozaliwa baada yako.

Mfano wa pili ni wa karibu zaidi. Agosti 2003 Simba ilikwenda Cairo kucheza na Zamalek, waliokuwa mabingwa wa Afrika. Simba ilikuwa imeshinda 1-0 Dar es Salaam, ikafungwa 1-0 kule, ikaja kushinda kwa penalti. Wote tunamkumbuka Juma Kaseja golini, na ni haki yake. Penalti ya mwisho, ile iliyowatoa mabingwa, ilipigwa na Christopher Alex Massawe. Christopher Alex alifariki Dodoma Februari 2012, miaka isiyofika tisa baada ya usiku ule. Kila Simba wanapocheza na Waarabu, mkanda wa penalti ile unarudiwa. Hesabuni wenyewe ni mara ngapi, kati ya 2003 na 2012, tuliandika habari za mpigaji wakati akiwa hai. Siwanyooshei kidole Simba peke yao. Najinyooshea mimi na wenzangu wa kalamu. Sisi tuna kawaida ya kufungua faili la mchezaji siku anapozikwa.

Kuna jibu ambalo hulisikia kila nikianza mada hii: "Si walikula ujana? Hela zao walizipeleka baa." Wapo waliofanya hivyo, kama wapo wahasibu na waandishi waliofanya hivyo. Ila tusiseme uongo kuhusu enzi zile. Mpira wa miaka ya sabini na themanini ulikuwa wa ridhaa. Mchezaji alipata posho, na akibahatika alipata ajira kwenye shirika la umma au chama cha ushirika. Ndiyo maana timu nyingi za ligi zilikuwa na majina ya kazi: Reli ya Morogoro, Ushirika ya Moshi, Bandari, CDA ya Dodoma. Mchezaji alikuwa karani asubuhi na winga jioni. Mashirika yalipoanza kubinafsishwa na kufungwa miaka ya tisini, timu ilikufa na ajira ikafa siku hiyohiyo. Mzee wangu wa kijiweni yalimkuta hayo. Goti liliumia mazoezini, hakukuwa na bima, na kiwanda kilichomwajiri kilipofungwa alibaki na goti. Baa inaingia wapi hapo?

Sasa niwapeleke mbali kidogo, mniwie radhi, kwenye mchezo ambao wengi wetu tunauona kwenye filamu tu. Wamarekani wana besiboli, ule wa kupiga mpira mdogo kwa rungu. Kulikuwa na mchezaji anaitwa Archibald Graham, wakimwita Moonlight. Tarehe 29 Juni 1905 aliingizwa mwishoni mwa mechi moja ya New York Giants. Mechi ikaisha kabla hajapata zamu ya kupiga mpira hata mara moja, na hakucheza tena ligi kuu maisha yake yote. Akaenda kuwa daktari katika mji mdogo wa Chisholm, Minnesota. Lakini jina lake liliandikwa: tarehe, timu, mechi moja. Miaka mingi baadaye mwandishi wa riwaya W. P. Kinsella aliuona mstari huo mmoja kwenye kitabu cha takwimu, akamtia kwenye riwaya yake, na filamu ikafuata. Yote yalianza na karani aliyeandika jina vizuri siku ya mechi.

Wenzetu hao hawakuishia kwenye majina. Mfuko wa pensheni wa wachezaji wao ulianza 1947. Tangu 1980, mchezaji akikaa siku 43 tu kwenye kikosi cha ligi kuu anapata haki ya pensheni, na siku moja inatosha kumpa haki ya bima ya afya. Msidhani ni malaika. Waliocheza kabla ya 1980 walitakiwa kufikisha miaka minne, na mamia waliopungukiwa waliachwa nje wakihangaika mpaka 2011 ndipo wakaanza kupewa malipo fulani ya kila mwaka. Lakini waliweza kudai kwa sababu siku zao za kazi zilikuwa zimeandikwa. Mzee wangu wa Sekei akitaka kudai leo, ataonyesha nini? Picha yenye jina lisilofahamika?

Kisingizio cha ridhaa kimeshakwisha. Mwaka 2021 haki za kuonyesha ligi yetu kwenye televisheni ziliuzwa kwa Azam Media kwa shilingi bilioni 225.6 kwa miaka kumi. Hii ni biashara, na kijana anayesaini mkataba na klabu ni mwajiriwa kama mimi. Sheria ya NSSF inataka mchango wa asilimia 20 ya mshahara, mwajiri na mwajiriwa wakigawana. Najua pensheni kamili inataka miezi 180 ya michango, yaani miaka 15, na wachache sana wanacheza muda huo. Hata hivyo michango ya miaka minane ya mpira haipotei. Akiacha mpira akaajiriwa kwingine, anaendelea alipoishia. Kwa hiyo kila anayesajiliwa Ligi Kuu aulizwe namba yake ya mfuko kama anavyoulizwa namba ya jezi. Klabu isiyopeleka michango isipewe leseni ya msimu. Chama cha wachezaji, SPUTANZA, kingelibeba hili moja tu kikaacha mengine yote, kingekuwa kimefanya kazi kubwa.

Na kumbukumbu? Hiyo haihitaji mabilioni. Inahitaji daftari. Kila klabu na kila chama cha mkoa waandike orodha ya kila aliyewahi kuvaa jezi yao, mwaka gani, namba gani, yuko wapi. Wazee wenye majibu bado wapo, lakini hawatakuwepo milele. Sisi Arusha tuna sababu ya kuharakisha. Uwanja mpya ulianza kujengwa kata ya Olmoti mwaka 2024 kwa ajili ya AFCON ya 2027, na viongozi wetu hawachoki kuusifia. Ukuta wa uwanja ule uandikwe majina ya waliocheza kwenye vumbi la Sheikh Amri Abeid kabla yetu. Kuandika jina ukutani ni rangi na fundi mmoja. Kazi ni kulijua.

Nimeanza daftari langu. Nimerudi kijiweni na picha ileile, safari hii na kalamu, na mzee amenipa majina yote kumi na moja. Katika yale manane niliyochapisha kwa kujiamini, mawili nilikuwa nimeyakosea herufi. Mhariri amenipa nafasi ya sahihisho ya mistari minne. Nilipomwambia mzee, hakuuliza lake litatokaje. Alinishika mkono akasema, "Yule fundi viatu usimkosee, kijana wangu. Ana watoto hapa mjini, watasoma."

Mdau, kama mtaani kwako kuna mzee anayevuta mguu na hujui kwa nini, kesho muulize. Kisha andika.

Nawasilisha.