Tusingoje Mzungu Aje Kupiga Picha Kaptagat

Ukitaka kujua wanariadha wa Kaptagat hujiandaaje kabla ya London au Olimpiki, usiulize Eldoret. Ingia YouTube. Utapata mgeni na kamera yake juu ya gari, anarekodi vumbi letu na chai yetu. Hata ile filamu ya 2021 kuhusu Eliud Kipchoge iliongozwa na Mwingereza, Jake Scott. Ni kali, sikatai. Lakini sisi tunaokaa karibu na kambi tulikuwa wapi?

Nauliza kwa sababu ya Kelvin Kiptum. Tarehe 8 Oktoba 2023 alivunja rekodi ya dunia ya marathoni kule Chicago, saa 2:00:35. Kocha wake Mnyarwanda, Gervais Hakizimana, alisema kijana alikuwa akikimbia zaidi ya kilomita 250 kwa wiki. Watu wakashika vichwa. Halafu usiku wa 11 Februari 2024 gari lao likapata ajali karibu na Kaptagat, wote wawili wakafa. Aliyekimbia na aliyepanga mazoezi, usiku mmoja. Mengi waliyoyajua wamekwenda nayo.

Kipchoge huandika mazoezi yake kwa daftari la kawaida, na amefanya hivyo miaka mingi. Je, wale wengine mia kadhaa?

Tena kuna hii doa ya dawa. Ruth Chepngetich alikimbia 2:09:56 mwaka wa 2024, mwaka uliofuata akafungiwa miaka mitatu. Sasa Mkenya yeyote akishinda, mtandaoni wanauliza amemeza nini. Video haithibitishi kwamba mtu ni msafi, hiyo ni kazi ya vipimo vya damu na mkojo. Ila anayelala mapema, anayeosha vyoo vya kambi kwa zamu na kula ugali ule ule kila jioni anastahili kuonekana akifanya hivyo kabla hajashukiwa.

Nilijaribu mwaka jana. Mimi niliacha chuo, kamera yangu ni simu. Kikundi kilinipita nikiwa bado natafuta kitufe, nikabaki na sekunde sita za migongo na mbwa mmoja. Nilicheka njia yote kurudi tao.

Lakini nilijifunza. Kwanza ongea na kocha, usivamie. Muda wa mazoezi usiuposti kabla ya shindano, hiyo ni siri ya kazi. Rekodi yule atakayekuwa wa ishirini pia, si nyota pekee. Na video ikileta pesa, mwanariadha apate sehemu yake, si asante tu. Hapo ndipo wageni wengi huteleza, na sisi tutateleza vilevile tusipoelewana mapema.

Wasee mnaosomea habari hapa Eldoret, Alhamisi ni siku ya mbio ndefu. Kocha mmoja amenikubalia. Natoka saa kumi na moja asubuhi, na nyuma ya boda kuna nafasi moja.