Rüdiger alimkosea mwamuzi. Je, ndiyo asiaminiwe akisema amebaguliwa?

Ndani ya miezi mitatu tu, beki wa Real Madrid na timu ya taifa ya Ujerumani, Antonio Rüdiger, alijikuta pande mbili za meza. Aprili 2025 alikuwa mtuhumiwa. Juni akawa mlalamikaji.

Aprili 26, mjini Sevilla, alimrushia mwamuzi kitu akiwa benchi na kupigwa kadi nyekundu. Juni 22, mjini Charlotte, Marekani, alimwambia mwamuzi mwingine kwamba amebaguliwa kwa rangi yake na beki wa Pachuca, Gustavo Cabral.

Mitandaoni watu wengi wamezichanganya kesi hizi mbili. Hoja yao ni moja: "Huyu si ndiye yule wa barafu? Leo analia nini?"

Hoja hiyo inavutia, lakini ina kasoro kubwa. Tuichambue taratibu.

Kilichotokea Sevilla

Ilikuwa fainali ya Kombe la Mfalme dhidi ya Barcelona. Jules Koundé alifunga bao la tatu dakika ya 116, Real wakawa nyuma 3-2. Rüdiger alikuwa ameshatolewa.

Sekunde za mwisho mwamuzi Ricardo de Burgos Bengoetxea alipuliza faulo dhidi ya Kylian Mbappé. Benchi la Real likalipuka. Picha za televisheni zilimwonyesha Rüdiger akirusha barafu kuelekea uwanjani, kisha akizuiwa na benchi la ufundi asimfikie mwamuzi.

Kilichofanya jambo hilo liume zaidi ni siku iliyotangulia. De Burgos alikuwa amebubujikwa na machozi mbele ya waandishi wa habari, akieleza jinsi mwanawe anavyoambiwa shuleni kwamba baba yake ni mwizi. Alikuwa akizungumzia presha wanayopata waamuzi, zikiwemo video za televisheni ya Real Madrid.

Siku iliyofuata, mtu huyohuyo anarushiwa kitu na mchezaji wa klabu hiyohiyo. Hapo hakuna cha kutetea, na Rüdiger mwenyewe hakujitetea. Aliomba radhi kwa maandishi na kukiri kwamba tabia yake haikuwa na kisingizio.

Adhabu ilikuwa mechi sita. Vyombo vingi vya habari vilikuwa vimetaja kwamba angeweza kufungiwa hadi mechi 12. Na kwa kuwa siku chache baadaye alifanyiwa upasuaji wa goti, sehemu kubwa ya adhabu hiyo aliitumikia akiwa majeruhi. Wengi waliona ameponea.

Nyumbani Ujerumani nako hakukukalika. Rudi Völler, mkurugenzi wa timu ya taifa, alisema mchezaji wa taifa ni kioo, na heshima anayoidai Rüdiger kwa wengine lazima naye aioneshe.

Na Sevilla haikuwa mara ya kwanza mwaka 2025. Machi, baada ya Real kuitoa Atlético Madrid kwa penalti, alionekana akifanya ishara ya kuchinja shingo. UEFA ilimpiga faini ya euro 40,000 na kumwekea kifungo cha mechi moja cha uangalizi.

Kwa hiyo rekodi ipo. Tusiifiche.

Kilichotokea Charlotte

Mechi ya Kombe la Dunia la Klabu, Real wakishinda 3-1 pungufu, kwani Raúl Asencio alitolewa mapema dakika ya saba. Muda wa nyongeza, Rüdiger na Cabral wakagombana karibu na boksi.

Rüdiger akamfuata mwamuzi Mbrazili, Ramon Abatti Abel. Mwamuzi akakunja mikono kifuani kwa umbo la X.

Ishara hiyo si ya kubuni. Ilipitishwa na mkutano mkuu wa FIFA mjini Bangkok Mei 2024, mbele ya mashirikisho 211. Maana yake ni kwamba kumetolewa taarifa ya ubaguzi, na hatua tatu zinaweza kuanza: kusimamisha mchezo kwa muda, kuwarudisha wachezaji vyumbani, na mwisho kabisa kuvunja mechi.

Cabral alikanusha. Alisema alimtukana, ndiyo, lakini kwa neno la mtaani la Argentina lenye maana ya mwoga, lisilohusu rangi. Kocha wa Real wakati huo, Xabi Alonso, alisema wanamwamini mchezaji wao. FIFA ikafungua mashtaka ya kinidhamu dhidi ya Cabral.

Hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa wakati huo. Mtu mmoja alisema hivi, mwingine alisema vile, na kipaza sauti hakikuwepo katikati yao.

Hii si mara ya kwanza kwake

Ukiangalia kazi ya Rüdiger tangu mwanzo, utagundua jambo. Karibu kila ligi kubwa aliyocheza nje ya Ujerumani, suala la rangi limemfuata.

Italia, Desemba 2016. Yuko Roma, wamemaliza debi na Lazio. Senad Lulić wa Lazio anaambia televisheni kwamba miaka miwili kabla Rüdiger alikuwa Stuttgart akiuza soksi na mikanda. Kila Mwitaliano alielewa anachomaanisha: wachuuzi Waafrika wa barabarani. Lulić alifungiwa siku 20 tu.

Uingereza, Desemba 22, 2019. Yuko Chelsea, wanacheza ugenini kwa Tottenham. Son Heung-min anatolewa kwa kumchezea rafu. Muda mfupi baadaye Rüdiger anasema amesikia milio ya nyani kutoka jukwaani. Uwanja unatoa matangazo ya onyo.

Polisi walichunguza, hawakupata ushahidi. Tottenham nao wakasema hawakuweza kuthibitisha. Mechi ya marudiano, Februari 2020, mashabiki wa Tottenham walimzomea kila alipogusa mpira. Yaani mlalamikaji ndiye aliyelipa. Rüdiger alisema wazi kwamba ubaguzi umeshinda.

Ujerumani, Machi 2024. Safari hii si rangi, ni dini. Aliweka picha ya mwanzo wa Ramadhani, yuko kwenye mswala, amenyoosha kidole cha shahada. Kila Muislamu anaijua ishara hiyo. Mhariri wa zamani wa gazeti la Bild, Julian Reichelt, akaihusisha na itikadi kali. Rüdiger akampeleka kwenye vyombo vya sheria, na shirikisho la soka la Ujerumani nalo likachukua hatua.

Sasa jiulize. Kama mtu ameshaitwa muuza soksi, ameshazomewa kwa kulalamika, na ameshahusishwa na itikadi kali kwa sababu ya kuswali, je, malalamiko ya Charlotte ni ya kupuuzwa kwa sababu aliwahi kurusha barafu?

Kutoka Neukölln

Rüdiger alizaliwa Berlin, Machi 3, 1993, akakulia Neukölln, mtaa wa wahamiaji wengi na vipato vidogo. Mama yake anatokea Sierra Leone, nchi iliyopitia vita vya wenyewe kwa wenyewe kuanzia 1991 hadi 2002. Baba yake ni Mjerumani.

Mwaka 2021 aliandika makala ndefu kuhusu maisha yake. Humo anasimulia kwamba akiwa mdogo alimwona bibi mmoja mtaani akihangaika na mizigo, akaenda kumsaidia. Yule bibi akaogopa. Alidhani anaibiwa.

Kisa hicho kinaeleza mengi kuliko takwimu. Kuna watu ambao wakikosea wanaambiwa "ameteleza", na wengine wakikosea wanaambiwa "ndivyo alivyo". Rüdiger amekua akijua yuko kundi gani.

Haina maana kwamba ana ruhusa ya kurusha vitu. Ina maana kwamba tunapomhukumu, tuhukumu kitendo, tusihukumu mtu mzima.

Njia yake haikuwa ya mteremko

Wengi wanamjua kama jamaa wa vituko: anakimbia kwa mapozi, anawapiga wenzake makofi ya utani mazoezini. Lakini nyuma ya vituko kuna kazi.

Alianzia vilabu vidogo vya Berlin, akapita akademi ya Borussia Dortmund, ambako kaka yake kwa mama, Sahr Senesie, aliwahi kuchezea. Akahamia Stuttgart 2011, akaanza Bundesliga Januari 2012. Mei 2014 akacheza mechi ya kwanza ya taifa dhidi ya Poland.

Roma walimchukua kwa mkopo 2015, kisha wakamnunua. Juni 2016, siku chache kabla ya Euro, goti likakatika mazoezini. Aliyeitwa kuziba pengo ni Jonathan Tah.

Chelsea wakamsajili 2017. Akabeba Kombe la FA 2018, lakini mwanzoni mwa msimu wa 2020/21 Frank Lampard alimweka kando. Januari 2021 akaja Thomas Tuchel, na miezi minne baadaye Rüdiger alikuwa Porto akinyanyua Ligi ya Mabingwa baada ya kuichapa Manchester City 1-0.

Juni 2022 mkataba ukaisha. Chelsea walikuwa wamefungwa mikono na vikwazo vya serikali ya Uingereza dhidi ya mmiliki Roman Abramovich, hawakuweza kumpa mkataba mpya. Real Madrid wakamchukua bure, miaka minne.

Bure hiyo imewalipa. Aprili 17, 2024, robo fainali ya Ligi ya Mabingwa, alimkaba Erling Haaland, kisha akafunga penalti ya mwisho iliyoitoa City nyumbani kwake. Juni 1 akashinda taji lake la pili la Ligi ya Mabingwa, Wembley, kwa 2-0 dhidi ya Dortmund.

Machi 2025, dhidi ya Atlético, penalti ya mwisho ilikuwa yake tena. Kocha hampi penalti ya tano mtu asiyejua kutuliza kichwa. Hapo ndipo utata wa Rüdiger ulipo: mbele ya kipa ana baridi ya ajabu, lakini mbele ya mwamuzi anawaka.

Saa nayo inahesabu

Kuna suala jingine, na hili ni la mpira mtupu. Julai 9, 2025, nusu fainali dhidi ya PSG, Real walichapwa 4-0. Bao la pili, dakika ya tisa, lilitokana na kosa la Rüdiger: alipapasa mpira, Ousmane Dembélé akamnyang'anya na kwenda kufunga.

Machi 2026 alikuwa wa kutimiza miaka 33. Mkataba wake wakati huo ulikuwa wa kuisha Juni 2026. Real walikuwa wameshamnunua Dean Huijsen kutoka Bournemouth, kijana wa miaka 20 wakati huo, na Alonso alikuwa kocha aliyetaka mabeki wanaoanzisha mashambulizi kwa pasi.

Timu ya taifa nako nafasi haikuwa ya kujihakikishia. Alikuwa ameichezea Ujerumani zaidi ya mechi 70, lakini Nations League ya Juni 2025 aliikosa kwa majeraha, na Kombe la Dunia lilikuwa la 2026.

Kwa beki wa umri huo, kila kadi ya kijinga ni sababu ya bure anayompa kocha ya kumwacha benchi. Huo ndio uliokuwa mtihani wake wa msimu wa 2025/26, na barafu haingemsaidia.

Kwa nini kesi ya Charlotte ni ya wote

Turudi kwenye suala lenyewe. Mei 2023 Vinícius Júnior alibaguliwa pale Valencia. Mwaka mmoja baadaye mashabiki watatu walihukumiwa kifungo cha miezi minane. Ilikuwa hatua kubwa, na iliwezekana kwa sababu walitambuliwa.

Maneno kati ya wachezaji wawili ni tofauti. Yanasemwa kwa sekunde moja, mara nyingi mdomo umefunikwa kwa mkono. Bila sauti wala picha ya midomo, kinachobaki ni neno la mmoja dhidi ya mwenzake.

Na ndiyo maana Cabral naye ana haki yake. Kutuhumiwa si kuhukumiwa, na kama alisema alichosema kweli, asibebeshwa mzigo usio wake.

Lakini utaratibu wa kukunja mikono uliwekwa ili mlalamikaji asikilizwe papo hapo, kabla hatujauliza kama tunampenda au la. Abatti Abel hakumuuliza Rüdiger alifanya nini Sevilla. Alikunja mikono, akaandika ripoti, akawaachia wachunguzi. Ndivyo inavyotakiwa.

Tukianza kudai kwamba mchezaji lazima awe malaika ndipo alalamike, tutakuwa tumewapa wabaguzi orodha ya watu wa kuwatukana bila hofu. Wataanza na wenye kadi nyingi.

Sevilla alikosea, akaadhibiwa, akaomba radhi. Faili hilo limefungwa. La Charlotte ni faili jingine, lina jina lake na tarehe yake, na linastahili kusomwa peke yake hadi ukurasa wa mwisho.