Simu ilale sebuleni, Bwana Msa aingie chumbani

Saa tano usiku Kisaka, wilayani Serengeti, mwanafunzi wa sekondari bado yuko na simu chini ya shuka. Asubuhi anasinzia darasani. Kijana wa miaka 13 hadi 18 anahitaji kulala saa 8 hadi 10, na mwanga wa simu huchelewesha usingizi.

Mzazi, usimnyang'anye tu, mpe mbadala. Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar alimbuni Bwana Msa, mpelelezi mtulivu mwenye kiko, katika riwaya ya Mzimu wa Watu wa Kale. Kuna mauaji, lakini utani wa kisiwani haukosekani.

Someni sura moja kwa zamu, kwa sauti. Mwulize: muuaji ni nani? Atajibu, na huenda akakueleza mengine yanayomsumbua.