Yai Viza

Tumeonyeshwa insha ya mtoto wa shule juu ya kisima ambacho kijiji chao kiliahidiwa. Ameandika: "Tulipewa ahadi viza." Mwalimu wake amelifuta neno kwa wino mwekundu, akaweka "mbaya", na pembeni akaandika kwamba neno lile latia kinyaa.

Twamwuliza mwalimu mwenzetu: kinyaa kimekatazwa na nani? Wali huchacha, nyama huoza, samaki huvunda. Yai huitwa viza. Nalo neno latokana na kuvia, yaani kukoma kukua. Kuku huatamia siku 21, na yai viza limepata joto lile lile la wenziwe, wala halikuanguliwa. Ndani ni maji ya uvundo. (Aliyepata kulipasua jikoni haulizi zaidi.) Je, "mbaya" yasema hayo? Ahadi ya kisima ilikaliwa vivyo hivyo, ikawapasukia mikononi waliokuwa wakiingoja.

Bwana wetu, katika Mathayo 23, aliwafananisha wanafiki na makaburi yenye chokaa nje na mifupa ndani. Hakutosheka kuwaita wabaya. Twataka mtoto yule arudishiwe neno lake, na alama zake pia.