Wazee walifikiri, vitabu vikaenda kwa Kiingereza

Msee, ukisikia falsafa unawaza Ugiriki, sindio? Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi aliwahoji wazee wa vijijini, wengine wa huku kwetu Magharibi, akitafuta wanaohoji mambo, si kurudia tu ya mababu. Baadhi yao shule hawakuijua sana. Kitabu chake, Sage Philosophy, kikatoka 1990. Kwa Kiingereza. Mwaka 2007 Kai Kresse akaandika kuhusu wanafikra wa Mombasa, akiwemo malenga Ahmad Nassir. Kiingereza tena!

Mimi chuo niliacha, lakini Kiingereza nakisoma. Nyanya yangu pale Shinyalu je? Wachapishaji, vitafsirini, kisha mviuze hapa Kakamega kwa bei ambayo mtu wa boda ataweza.